Kwa nini Busaidi wa Maskati wamebaki na wa Unguja wameondoka?

SWALI

"Asalaam aleikum Mwalimu. Mimi ni kijana wa Kuze, hapa Mji wa Kale, Mombasa. Barazani kwetu tumebishana siku tatu. Mmoja wetu asema ufalme umepitwa na wakati, umebaki kuwa pambo la watalii. Mwengine akamjibu kwamba Oman, Morocco, Uingereza na Japani bado wana wafalme na nchi zao zimetulia kuliko zetu. Mimi lililonitatiza ni hili: ukoo wa Busaidi uliotawala Unguja na pwani yetu ndio huo huo unaotawala Maskati mpaka leo. Mbona kule wamebaki na huku waling'oka kwa usiku mmoja? Na sisi Mombasa, tuliwahi kuwa na mfalme wetu wenyewe ama siku zote tulitawaliwa na wa kuletwa?"

JIBU

Aleikum salaam, mwanangu. Nitaanza na hilo la mwisho, maana ukilielewa la Mombasa, la Maskati litakuwa jepesi.

Tulikuwa na wafalme wetu. Masimulizi ya mji huanza na mwanamke, Mwana Mkisi, kisha huja Shehe Mvita ambaye jina lake mji unalo hadi leo. Hao ni wa masimulizi, tarehe zao hazishikiki. Lakini Vasco da Gama alipotia nanga hapa Aprili 1498 alikuta mji una mfalme, na mfalme wa Mombasa ndiye aliyepambana na Mreno Francisco de Almeida mwaka 1505, mji ukachomwa moto. Wareno walipotushika kabisa mwishoni mwa karne ya kumi na sita, walimchukua mfalme wa Malindi, rafiki yao wa zamani, wakamhamishia Mombasa. Hapo ndipo alipoanza mfalme wa kuletwa.

Kijana mmoja wa ukoo huo wa Malindi, Yusuf bin Hasan, alipelekwa Goa angali mtoto. Akabatizwa, akaitwa Dom Jerónimo Chingulia, kisha akarudishwa kukalia kiti cha baba yake kwa niaba ya Wareno. Agosti 1631 aliingia Ngomeni, yaani Fort Jesus, na watu wake, akamuua kapteni wa Kireno, akarudi kwenye dini yake. Mwaka uliofuata aliuacha mji akaenda zake baharini, na ukoo wake haukurudi kitini tena. Huyo Chingulia alifunzwa kwa miaka awe mfalme wa watu wengine, na siku aliyoamua kuwa mfalme wa watu wake mwenyewe ndiyo siku kiti kilipomponyoka. Namkumbuka kila nipitapo pale langoni.

Sasa shika hili. Mfalme aliondoka lakini mji haukufa, kwa sababu mji haukuwa umejengwa juu ya mfalme. Ulijengwa juu ya mataifa, Thenashara Taifa: matatu upande mmoja, Thelatha Taifa, yaani Wakilindini, Watangana na Wachangamwe, na tisa upande wa pili, Wamvita na wenzao. Kila taifa na wazee wake, kila upande na tamim wake, yaani kiongozi wake, na kila upande na marafiki zake wa bara katika Mijikenda. Watu hawa walikuwa wakigombana, tena sana. Uchawi wa siasa ya Mombasa tangu zamani ni kumtafuta mtu wa juu ambaye si wa upande wowote, awe mbali kiasi cha kutoingilia mambo ya kila siku, na awe na nguvu kiasi cha kuogopwa siku ya ugomvi.

Ndiyo maana wazee wetu waliwaita Waomani dhidi ya Wareno, Ngome ikaanguka 1698. Wareno walipoirudia 1728, mwaka wa pili yake wenyeji waliwatoa, kisha wakageukia Oman tena. Wengi husoma habari hiyo kama hadithi ya watu wanyonge waliokuwa wakikimbilia kwa mabwana. Mimi naisoma kinyume. Hawa walikuwa wenye mji wakichagua msuluhishi, na msuluhishi akizidi mipaka wakimtafutia mwenzake.

Ukoo wa Mazrui ni mfano mzuri. Walikuja kama maliwali wa Oman, na kuanzia miaka ya 1740 wakawa wenyewe, hawamsikilizi Imamu yeyote. Walitawala karibu miaka mia kwa sababu walijua kukaa na wazee wa pande zote mbili. Seyyid Said, mtawala wa Oman wa ukoo wa Busaidi, alileta majahazi na mizinga tangu 1828, mara kwa mara, na hakuweza kuwang'oa. Alichoshindwa kukipata kwa baruti alikipata 1837, Mazrui walipogombana wao kwa wao juu ya urithi na Wakilindini wakaona msuluhishi hana faida tena. Walipohama upande, kazi ilikwisha. Wakubwa wa Mazrui walitiwa jahazini wakaenda kufia kifungoni Bandar Abbas.

Kwa hiyo ukiniuliza mfalme ni nini, nitakwambia ni kazi kabla ya kuwa mtu. Kazi yenyewe ni kuwa nje ya ugomvi. Na si kwetu tu. Wabelgiji walijitenga na Uholanzi 1830, na mwaka uliofuata wakamwita mwanamfalme wa Kijerumani ambaye mataifa makubwa ya Ulaya yangemkubali. Wanorwe walipojitoa Sweden 1905 walipiga kura, wakataka mfalme, wakamleta mwanamfalme kutoka Denmark. Malaysia wana watawala tisa wa kurithi, nao hupokezana ufalme wa nchi nzima, kila mmoja miaka mitano. Mzee wa Thelatha Taifa angeketi na Wamalaysia kwenye kahawa akaelewana nao kabla kikombe hakijapoa.

Kazi hii ina vifaa vyake pia. Ukienda Lamu, ingia makumbusho uiangalie siwa ya Pate. Ni pembe ya ndovu iliyonakshiwa, urefu wake wapita mita mbili, na tundu la kupulizia liko ubavuni, si mwishoni kama tarumbeta. Mtu mmoja hawezi kuibeba na kuipuliza kwa starehe. Siwa ililia mtawala alipotawazwa, na ililia katika harusi za koo kubwa. Madiwani, yaani watawala, wa Vumba Kuu nao walikuwa na siwa yao na ngoma zao, kama Mwinyi Mkuu, mtawala wa kienyeji wa Unguja. Mtawala asiye na siwa alikuwa mtu mwenye bunduki tu, na mwenye bunduki tu hupatikana kila bandari.

Turudi kwa Busaidi. Seyyid Said alifariki 1856, wanawe wakagombana: Thuwaini alikuwa Maskati, Majid alikuwa Unguja. Mwaka 1861 Waingereza waliamua ugomvi, wakatenga nchi mbili, na Unguja ikaamriwa kuilipa Maskati riale 40,000 kila mwaka. Tafakari nani alikuwa akimlipa nani. Unguja ilikuwa na karafuu, pembe, bandari na, la kusikitisha, soko la watumwa. Maskati ilikuwa imefilisika na bara yake ina maimamu wasiomtaka sultani. Lau ungekuwa mtu wa kuweka dau mwaka ule, ungeweka lote Unguja, na mimi ningekufuata.

Kilichoharibu kilikuja polepole. Mwaka 1890 Unguja ikawa chini ya hifadhi ya Waingereza. Mwaka 1895 wakachukua uendeshaji wa mwambao wetu, maili kumi kutoka baharini, kwa kodi ya pauni 11,000 kwa mwaka. Bendera nyekundu ya Seyyid ikabaki ikipepea juu ya Ngome, na liwali akabaki na joho na jambia lake, lakini mshahara wake ulitoka serikali nyingine. Agosti 1896 Seyyid Hamad alipofariki, Khalid bin Barghash aliingia kasri bila kuwauliza Waingereza. Siku mbili baadaye manowari zikapiga, na katika muda usiofika saa moja mambo yakawa yamekwisha. Khalid alikimbilia kwa Wajerumani, akaishi Dar es Salaam, akakamatwa 1916, akapelekwa visiwa vya mbali, na mwisho akaruhusiwa kurudi Afrika Mashariki. Alifariki hapa Mombasa mwaka 1927. Sultani wa siku mbili alimalizia umri wake katika mji ambao bendera ya ukoo wake ilikuwa ingali juu ya mlingoti.

Tangu siku ile kila aliyekaa kitini Unguja alikaa kwa idhini. Seyyid Khalifa bin Harub alikaa miaka karibu hamsini, 1911 hadi 1960, na alipendwa. Sikwambii kwa kusoma tu. Picha yake ilikuwa sebuleni kwetu, ya fremu ya mbao, juu ya kabati la vyombo. Mwaka 1964 marehemu bibi hakuitupa, aliihamishia chumbani kwake, nyuma ya mlango. Ukifungua mlango huioni, ukiufunga unaiona. Mapenzi ya namna hiyo yalikuwapo kwa maelfu pwani nzima, na hayakuwasaidia warithi wake chochote.

Kwa nini? Kwa sababu kufikia hapo kiti cha Unguja kilikuwa kimeingia ndani ya ugomvi. Katika uchaguzi wa Julai 1963 chama cha Afro-Shirazi kilipata zaidi ya nusu ya kura zote, asilimia kama 54, kikapata viti 13 kati ya 31. Wapinzani wake kwa umoja wao wakaunda serikali. Kisheria mambo yalikwenda sawa. Lakini mtu wa Ng'ambo, mitaa ya nje ya Mji Mkongwe, aliyepiga kura na wenzake wakawa wengi, kisha akaambiwa ameshindwa, aliitazama ile bendera nyekundu na kuona ni ya upande ule mwingine. Seyyid Jamshid, sultani mpya, alikuwa na umri wa miaka 34 na alikuwa kitini tangu Julai tu. Uhuru ulikuja 10 Desemba 1963. Mapinduzi yakaja 12 Januari 1964. Hesabu mwenyewe: siku 33. Hakukuwa na jeshi, kulikuwa na polisi na maghala ya silaha, na Waingereza waliomlea hawakurudi kumtetea. Sultani akapanda meli na jamaa zake, akaja Mombasa. Serikali ya Kenya ikamkatalia kushuka. Khalid alipewa kaburi hapa, Jamshid hakupewa hata gati. Akaenda Dar es Salaam, kutoka hapo Uingereza, akaishi miaka zaidi ya hamsini katika mji wa Portsmouth.

Sasa Maskati. Usije ukadanganywa kwamba kule walibaki kwa kuwa hawakutegemea wageni. Walitegemea sana. Sultani Said bin Taimur alishinda vita vya Jebel Akhdar miaka ya 1950 kwa msaada wa Waingereza, na vita vya Dhofar vilipowaka miaka ya 1960, maofisa wa Kiingereza ndio waliokuwa mbele. Tofauti ya kwanza ni hiyo hasa: mlinzi wa Maskati alikuwa hajaondoka. Tofauti ya pili ni mafuta, yaliyoanza kusafirishwa 1967. Na ya tatu, ambayo mimi naipa uzito kuliko zote, ni kwamba ukoo ulikubali kumtoa mtu ili kukiokoa kiti. Mwaka 1970 nchi nzima ilikuwa na shule tatu. Tarehe 23 Julai mwaka huo Qaboos alimpindua baba yake mzazi, Waingereza wakiwa nyuma yake, akaanza kujenga shule, barabara na hospitali, akawaita Waomani waliotawanyika warudi. Wengi wa waliorudi walitoka Unguja na pwani hii. Ndiyo maana hadi leo ukiwa Maskati unaweza kusikia Kiswahili sokoni, na wenyewe wakawaita watu hao "Wazanzibari". Kiti kilichoanguka Unguja kilikwenda kuzaa watumishi wa kiti kilichobaki.

Unguja haikupata nafasi ya kumbadilisha mtu. Kwa zaidi ya miaka sitini nani akae kitini lilikuwa jambo la Waingereza, basi nguvu za ukoo kujirekebisha zilikuwa zimelala. Hapo ndipo ninapotofautiana na wanaosema Jamshid alikuwa dhaifu. Angekuwa simba, angefanya nini kwa siku 33?

Angalia mifano miwili iliyotokea mwaka mmoja. Mwaka 1953 Wafaransa walimhamisha Mohammed wa Tano wa Morocco, na mwaka huo huo Waingereza wakamhamisha Kabaka Mutesa wa Buganda. Wote wawili walirudi 1955 wakipokewa kama mashujaa. Mkoloni aliwafanyia hisani asiyoijua. Mohammed akarudi kama mfalme wa wote na kama Amiri wa Waumini, juu ya vyama, na mjukuu wake yuko kitini leo. Mutesa akakubali kuwa pia rais wa Uganda mwaka 1963, akajikuta ndani ya siasa na waziri mkuu Obote, na 1966 jeshi likaingia kasri la Mengo. Alifariki London 1969. Kiti cha Kabaka kilirudishwa 1993, safari hii kikiwa nje ya siasa za vyama kwa mujibu wa katiba, na kimetulia kuliko enzi za Mutesa.

Wengine nawapitia haraka. Urusi, Ujerumani na Austria zilipoteza wafalme wao kati ya 1917 na 1918 kwa kushindwa vita. Misri 1952, Iraki 1958, Libya 1969 na Ethiopia 1974 waliwapoteza kwa maofisa wa jeshi. Nepal ilimwondoa wake 2008 kwa kura ya bunge. Leo nchi kama 43 zina mfalme, na 15 kati ya hizo ni za Mfalme Charles peke yake, baada ya Barbados kujitoa mwaka 2021.

Kwa rafiki yako asemaye wafalme ni pambo la watalii: mwambie asome habari za Februari 1981 kule Hispania, askari walipolivamia bunge na mfalme akatokea kwenye televisheni usiku akiwa na sare, akaamuru majeshi yailinde katiba. Mapinduzi yakashindwa. Pambo halifanyi hivyo. Kwa yule wa pili, anayesema wafalme ndio walioleta utulivu: ameweka mkia mahali pa kichwa. Mara nyingi utulivu ndio uliowaacha wafalme wakabaki. Eswatini ina mfalme mwenye mamlaka makubwa kuliko wengi, na mwaka 2021 watu waliuawa barabarani wakidai mageuzi.

Na wote wawili waambie wasijione wa mbali na jambo hili. Kenya yenyewe ilikuwa na malkia hata baada ya uhuru. Kuanzia 12 Desemba 1963 hadi 12 Desemba 1964 mkuu wa nchi alikuwa Elizabeth wa Pili, na gavana mkuu ndiye aliyemwakilisha. Huyo Elizabeth alipata habari za kifo cha baba yake Februari 1952 akiwa hapa hapa Kenya, na meli ya kumchukua kuendelea na safari ilikuwa ikimsubiri Kilindini. Zile pembe za ndovu zilizovuka barabara ya Moi, ambazo kila mgeni lazima apigwe picha chini yake, ziliwekwa kwa ajili ya ugeni wa kifalme wa miaka ile. Watu wa matatu husema "nishushe Mapembeni" na hakuna anayemkumbuka malkia.

Pengine utauliza pia kama kuna chochote cha Seyyid kilichobaki Mombasa. Bendera iliteremshwa 1963. Oktoba mwaka ule Kenyatta na Mohammed Shamte, waziri mkuu wa Unguja, walikubaliana kwa maandishi mwambao uwe sehemu ya Kenya, na katika mambo yaliyoahidiwa moja lilikuwa kwamba mahakama za Kadhi zitabaki. Zikabaki. Ziko katika katiba ya 2010, kifungu cha 170, kwa ndoa, talaka na mirathi za Waislamu. Joho la liwali limekwisha, kodi ya pauni 11,000 imekwisha, Jamshid mwenyewe alirudi Oman 2020 kama jamaa tu na akafariki huko Desemba 2024. Lakini nenda siku yoyote ya kazi asubuhi kwenye mahakama ya Kadhi, utamkuta mama ameshika bahasha ya kaki yenye cheti cha ndoa, na ndugu wawili wamekaa mbali mbali kwenye benchi moja, wanasubiri kugawiwa nyumba ya baba yao.